Kunguru Aliyetaifishwa

Wahenga walisema kunguru mwoga hukimbiza ubawa wake. Wangeishi katika nchi hii, wahenga hao wangeumeza msemo wao kwa maji ya moto. Kunguru wa huku hana woga hata wa dawa. Hakimbii, hukimbiza, na anachokimbiza si ubawa wake, ni sabuni ya watu.

Habari ya sabuni ni kweli tupu, muulize mwanamke yeyote afuaye uani. Unaweka kipande ukingoni mwa karo, unageuka kuanika shati, ukirudi kipande hakipo, na kunguru yuko juu ya paa anakutazama kana kwamba mwizi ni wewe. Sabuni yenyewe haili. Haogi nayo. Anaificha mahali, anapasahau, kisha anakuja kuchukua nyingine.

Basi lugha, ambayo kazi yake kubwa ni kutazama, ikatazama. Katika nchi hii isiyo na haja ya kutajwa (ina bendera, ina wimbo, ina barabara moja ya lami iendayo uwanja wa ndege, yatosha), watu wakaanza kusema "sabuni ya kunguru" wakikusudia fedha ya hospitali. Wakasema "kufua kunguru", yaani kuunda tume: unasugua, unasuuza, unaanika, na weusi uko pale pale. "Shingo nyeupe" akawa ofisa mwenye kola safi na mambo yasiyosafika, maana kunguru wa huku wana ukosi mweupe. Mtu akila cha mwenzake kisha akawahi polisi kulalamika kwamba ameibiwa, majirani waliambiana, "Huyo analia kunguru." Na kunguru mtupu, bila nyongeza, akawa ni mkubwa yeyote.

Hakuna aliyekaa chini kuyatunga maneno hayo. Yaliota yenyewe, kama mchicha nyuma ya jiko.

Yalichelewa kumfikia Baba Mlezi wa Taifa, kwa kuwa yenyewe hupita kwa miguu na yeye hupita kwa ving'ora. Siku yalipomfikia ilikuwa kwenye uzinduzi wa kisima kisicho na maji. Hotuba imefika patamu, mtoto mmoja akapaza sauti: "Mama, kunguru ndiye yupi, yule wa katikati?"

Jioni ile ile mawaziri waliitwa ikulu.

"Tulipige neno marufuku," alisema Waziri wa Ulinzi.

"Tumpige ndege mwenyewe," alisema Waziri wa Kilimo.

Waziri wa Maneno na Mwinuko, Dakta Majigambo, akasimama. Udaktari wake aliupata kwa njia ya posta, kutoka chuo ambacho nacho hakikuwa na jengo zaidi ya sanduku la posta. Akakohoa kikohozi cha kitaifa.

"Mtukufu Baba Mlezi, marufuku ni siasa ya mtu maskini. Reli tulizitaifisha, zikasimama. Mashamba ya katani tuliyataifisha, yakalala. Kwa nini basi neno tuliache mikononi mwa watu binafsi, litembee hovyo? Tulitaifishe! Kuanzia leo kunguru awe mali ya umma. Na umma, kama tujuavyo sote, ni wewe."

Wote walipiga makofi, hata waliokuwa wamelala.

*

Sheria ya Kutaifisha Kunguru ilikuwa na vifungu vitatu. Cha kwanza kilisema kunguru maana yake ni mtumishi mwadilifu, mwenye macho makali, asiyelala. Cha pili kilimtaka kila mwananchi mwenye maana ya zamani aisalimishe katika ofisi ya kata. Cha tatu kilieleza kwamba kifungu cha pili ni cha hiari, na asiyekitii atafungwa.

Watu wakapanga foleni kusalimisha maana zao. Mezani alikaa karani mpole, muhuri mkononi.

"Una maana gani, mzee?"

"Ninayo 'kufua kunguru'."

"Nini maana yake?"

"Ndiyo hiyo kazi uifanyayo sasa hivi, mwanangu."

Karani akaandika, akagonga muhuri, akamshukuru mzee kwa uzalendo wake.

Zilipokwisha kusalimishwa maana, zikaanza sifa. Watu wa nchi hii ni watiifu kupita kiasi. Huo ndio ugonjwa wao, na huo huo ndio silaha yao. "Shikamoo, kunguru," walimwambia mkuu wa wilaya kila alipopita. Aliitikia marahaba kwa tabasamu pana, akafika ofisini akajisikia kichefuchefu asijue kimetoka wapi. Shuleni, mtoto aliulizwa baba yake ni nani, akajibu, "Baba yangu si kunguru, mwalimu, ni fundi tu." Mwalimu alinyanyua fimbo, akafikiri, akairudisha chini, hakupata kosa lilipo. Muuza karanga mmoja alikamatwa kwa kosa la kumsifu mbunge kwa sauti isiyofaa. Mahakamani aliombwa airudie sauti ile ili iwe ushahidi. Akairudia. Hakimu akaahirisha kesi, akatoka nje, akacheka mpaka akashika ukuta.

Dakta Majigambo hakucheka. Aliona kwamba neno ameshalitaifisha lakini midomo bado ni ya watu binafsi. Akaamua kulihamisha neno kutoka midomoni na kulipeleka mahali lisipobadilika: kwenye nguo.

*

Ndani ya Kiwanda cha Nguo cha Taifa kulikuwa na chumba cha majina. Humo yalitungwa majina ya kanga, yale maneno yachapwayo karibu na pindo la chini, ambayo mwanamke wa huku huyasoma kabla hata ya kutazama rangi. Tangu kiwanda kijengwe, maneno yanayovaliwa na wanawake yalitungwa na wanaume watatu wenye miwani. Kilele cha fani yao kilikuwa "Mume ni Taa ya Nyumba".

Siajabu binti Makungu aliingia chumba hicho na stashahada ya Kiswahili na ulimi usio na ala. Wakampa birika awachemshie chai. Akaichemsha vibaya, makusudi, siku baada ya siku, mpaka wakaona heri kumpa kalamu. Jina lake la kwanza lilikuwa "Ukinisengenya Usikosee Sarufi". Doti zake ziliisha madukani kabla hazijakauka wino, na wanawake waliogombana miaka walipeana mkono, maana lilikuwa halijabaki la kusema.

Kiti kile cha utunzi ndicho tu alichokuwa nacho duniani. Hakuwa na shamba wala mume, na hakuvililia. Aliamini kwamba akitunga vyema, mwanamke asiyejua kuandika hata herufi anaweza kukatiza sokoni amebeba sentensi timamu, na adui yake akalazimika kuisoma. Alikuwa tayari kufa njaa kwa imani hiyo, na kwa mshahara wa kiwanda alikuwa karibu kufaulu.

Ufundi wenyewe alifundishwa na mama yake mdogo, Bi Mgeni, muuza kanga wa soko kuu, mwanamke mnene wa sauti na mwembamba wa subira. "Jina la kanga halimaliziki kiwandani, mwanangu," alikuwa akimwambia. "Mtunzi huandika nusu. Nusu ya pili ni pale mvaaji aliposimama, na nani yuko nyuma yake."

Siku moja mlango wa chumba cha majina ulifunguliwa bila hodi. Akaingia Dakta Majigambo, na nyuma yake Mkuu wa Itifaki ya Taifa, Meja Mkwaju, mtu aliyenyooka kama mwiko. Wale watatu wenye miwani wakasimama na kugongana vichwa.

"Binti," alisema Waziri, "taifa limekuchagua. Sikukuu ya Mwinuko wanawake wote wa mji huu watajaa uwanjani, kila mmoja na kanga ya Kunguru, bure, zawadi ya Baba Mlezi. Tunataka jina. La sifa. Lisilo na kona."

Siajabu aliandika "Kunguru Tunakujua".

"Hapana," alisema Waziri akikunja uso. "Kiongozi hafai kujulikana kiasi hicho."

Akaandika "Kunguru Ruka Juu".

"Juu, halafu?" aliuliza Meja.

Mwishowe, kwa uchovu, aliandika sentensi iliyonyooka mpaka ikamtia aibu: KUNGURU WETU HATUCHOKI KUKUTAZAMA. Haikuwa na mizani wala pilipili. Ilikuwa kama uji wa mgonjwa. Waziri alilengwalengwa na machozi.

"Hilo! Hilo ndilo! Na Mtukufu atalisoma kwa macho yake mwenyewe, hadharani."

"Atalisomaje?" aliuliza Siajabu.

"Kwa Kiswahili," alisema Meja Mkwaju.

"Namaanisha, Meja, jina la kanga hukaa nyuma. Analisoma aliye mgongoni kwako."

Meja alimtazama kama mtu aliyeambiwa kwamba jua lina shoto. "Basi wageuke."

"Wanawake wote? Wamgeuzie Baba Mlezi mgongo?"

"Binti, mimi nimesomea itifaki ng'ambo, katika nchi mbili za baridi. Usinifundishe mgongo." Akatoa kalamu yake, akaandika kwenye ratiba ya taifa kwa mkono wake mwenyewe: *Baada ya wimbo, akina mama watageuka ili Mtukufu asome.*

Siajabu alirudisha kalamu yake mezani. Alikuwa amesema, wakubwa walikuwa wamesikia, na kwao kusomea ng'ambo ni kinga dhidi ya kusikia. Aliwaza tu kwamba jina lake baya kuliko yote ndilo litakalovaliwa na wengi kuliko yote, akaona uchungu wa kweli.

*

Sikukuu ilipofika uwanja ulijaa wanawake mpaka nyasi zikafichika. Siajabu alisimama chini ya jukwaa pamoja na watumishi wa kiwanda, akitazama neno lake kila upande, juu ya kila kiuno, akatamani ardhi ipasuke. Mstari wa mbele alikuwapo Bi Mgeni na wenzake wa sokoni, waliotolewa vibandani mwao alfajiri na kupakiwa malori ili wafurahi.

"Eti hatuchoki," alisema mmoja wao, akijisomea pindo la mwenzake. "Weye hujachoka?"

"Mimi nilichoka tangu kisima, shoga. Hapa unaniona mzoga tu."

"Nani kaandika uji huu?"

"Mwanangu," alisema Bi Mgeni. "Na usimtukane. Kaandika nusu."

Wimbo ukapigwa. Baba Mlezi akaketi kwenye kiti chenye mbawa mbili za dhahabu, manyoya meusi begani na ukosi mweupe shingoni, maana siku hiyo ndipo alipotawazwa rasmi Kunguru Mkuu. Meja Mkwaju akasogelea kipaza sauti.

"Akina mama! Nyumaaa... geuka!"

Wakageuka.

Uwanja mzima, kwa mara moja, kwa vishindo vya kandambili, ulimpa Baba Mlezi migongo yake. Kila mgongo ulikuwa na maneno, na maneno yote yalikuwa yale yale. Kunguru wetu, hatuchoki kukutazama. Hakukuwa na uso hata mmoja wa kutazama chochote. Pale chini ya jukwaa, Siajabu alilisoma jina lake upya. Sentensi ile ya uji ilikuwa imepata pilipili yake, na si yeye aliyeitia.

Baba Mlezi alisoma. Akasoma tena mstari wa pili wa migongo, na wa tatu, pengine kuna mahali pameandikwa kitu kingine.

"Meja," alinong'ona, lakini kipaza sauti hakijui siri, "sasa wanageuka lini?"

Meja Mkwaju alipekua ratiba. Aligeuza karatasi, akatazama nyuma yake. Kugeuka aliandika. Kurudi hakuandika.

Hotuba ikaanza hivyo hivyo. Baba Mlezi aliiambia migongo kuhusu maendeleo. Aliiambia kuhusu maadui wa nje. Kwenye aya ya makofi alinyamaza kidogo kusubiri makofi, na mwanamke mmoja alisikika akimenya chungwa. Wapiga picha wa televisheni ya taifa walikuwa na amri ya kuonyesha wananchi wakimtazama kiongozi. Wakazunguka uwanja mzima wakitafuta, wakaishia kumpiga picha mbuzi.

Meja alizunguka mbio mpaka upande wa pili, upande wa nyuso. Jasho lilikuwa limemlainisha.

"Akina mama, geukeni!"

"Ratiba imesema hivyo, baba?" aliuliza Bi Mgeni kwa adabu nyingi.

"Haisemi, lakini mimi nasema!"

"Lo! Tuvunje ratiba ya taifa? Hapana, baba. Sisi wanyonge, twafuata maandishi."

"Mtakaa hivyo mpaka lini?"

Bi Mgeni alitazama mbele yake. Mbele yake, kwa jinsi alivyogeuzwa na serikali, palikuwa na lango la uwanja, wazi.

"Na kukaa nako hakumo kwenye ratiba," alisema. "Jamani, nyumbani nimeacha maharage. Tusonge mbele."

Wakasonga mbele. Hakuna aliyekimbia, hakuna aliyepiga kelele. Walitoka polepole kama watu watokao msibani, migongo ikimwambia Baba Mlezi hadi wa mwisho kwamba haichoki kumtazama, na yeye kwenye mbawa zake za dhahabu akiendelea kusoma hotuba, maana hakuna aliyeandika pia mahali pa kuikatiza.

*

Asubuhi iliyofuata lugha iliamka na kazi mpya. Mke aliyeondoka kwa mume mlevi alisema, "Nimemsomesha kunguru." Wanafunzi waliotoka darasani mwalimu akiwa katikati ya maneno walimsomesha kunguru. Wanywaji waliomkimbia mwenye kilabu mchonganishi nao vivyo hivyo. Wizara ilitangaza redioni kwamba kusomesha kunguru ni kosa. Wasikilizaji wakazima redio, na kila aliyezima alijua jina la alichokifanya.

Ikabidi apatikane mkosaji. Meja hangeweza kuwa yeye, ana nishani. Waziri hangeweza, ana daraja moja tu la kushuka na hakulipenda. Wakaunda tume, wakafua kunguru kwa juma zima, tume ikabaini kwamba kosa lilikuwa la jina, na jina lilikuwa la Siajabu.

Kabla ya kwenda kwenye tume alipita kibandani kwa Bi Mgeni, akamkuta anapanga doti.

"Mama mdogo, wanataka niombe radhi redioni. Nikiomba, nabaki na kiti changu. Wanasema hata watanipa chumba kizima, wale wazee watatu wanichemshie mimi chai."

"Na usipoomba?"

"Nisitunge tena. Kiwandani wala popote. Hata kitambaa cha meza."

Bi Mgeni aliendelea kukunja, akalainisha pindo kwa kiganja. Alijua kiti kile kilikuwa na thamani gani. Yeye ndiye aliyekunywa ile chai mbovu ya majaribio.

"Kwa nusu yako omba utakavyo, mwanangu, sitakulaumu. Tumbo ni lako," alisema. "Lakini usije ukaniombea na nusu yangu. Mgongo ule niliugeuza mwenyewe."

*

Tume iliketi nyuma ya meza ndefu. Waziri katikati, Meja pembeni, na mbele yao kipaza sauti cha redio ya taifa, taa yake nyekundu ikisubiri kuwaka. Siajabu alipewa karatasi.

"Ni dogo tu, binti," alisema Dakta Majigambo kwa sauti ya asali iliyochacha. "Soma, ondoka, nenda kakae chumbani kwako. Nchi nzima inasikiliza."

Akasoma kimya. *Mimi Siajabu, kwa uzembe wangu wa kuandika, niliwapotosha akina mama, ambao kwa ujinga wao waligeuka na kuondoka wasijue walitendalo. Naomba radhi kwa niaba yangu na kwa niaba yao.*

Aliona kiti chake. Aliona wazee watatu na birika. Kisha macho yakarudi kwenye maneno yale, *wasijue walitendalo*, akakumbuka vishindo vya kandambili vikigeuka mara moja, na yule aliyemenya chungwa.

"Mheshimiwa," alisema, "nani kaandika hii?"

"Mimi mwenyewe," alisema Waziri, na kiburi kikamponyoka kidogo.

"Nilidhani. Ni mbovu."

Taa nyekundu ikawaka. Siajabu akaikunja karatasi, akaiweka mezani mbele ya Waziri maandishi yakiwa chini, akasogea kwenye kipaza sauti.

"Jina la Sikukuu ya Mwinuko nimelitunga mimi, Siajabu binti Makungu. Lilikuwa jina dhaifu, jina dhaifu kuliko yote niliyowahi kutunga, na nililitunga hivyo kwa kuwa liliagizwa hivyo. Likapata wavaaji, wakalimalizia. Sasa ndilo jina bora lililowahi kutoka katika kiwanda kile. Wameniandikia hapa niseme kwamba akina mama hawakujua walitendalo. Walijua."

"Radhi, binti!" Waziri alifoka huku akimpungia mtu wa mitambo, na mtu wa mitambo akawa amegeuka, anatazama ukuta, migongo ya nchi hii imeshajifunza kazi. "Radhi! Sema neno la radhi!"

"Neno ninalo, Mheshimiwa, wala sijalisahau, nimesomea maneno. Kiti chukueni, mkalie. Kwa Baba Mlezi, kwa Meja, kwako wewe na kwa huyo ndege mliyemwibia jina lake: siombi radhi."